Debe Ilitoka Nyuma ya Shule

Wacha niseme mapema: kwa hii stori mimi natoka mjinga, na nimetafuta mahali pa kujificha ndani yake nimekosa. Ile mwaka ya kura ya kwanza ya vyama vingi, mdomo wangu karibu unipeleke jela. Kitu iliniokoa ni mhuri.

Wakati huo nilikuwa natengeneza baiskeli hapo mtaa wa Nyalenda, karibu na mfereji wa kuchotea maji. Kazi ya mikono ilikuwa kidogo, ya mdomo ndiyo ilikuwa mingi. Kuna watu walikuwa wanaleta baiskeli haina hata pancha, waketi tu wasikie leo nitasema nini.

Siku ya kura, jioni, niliona jirani yetu mama anayeuza maji akitoka nyuma ya shule ya msingi tulipopigia kura. Debe kwa kichwa, amefunika na kitambaa. Makarani wa kura walikuwa wamemwita awaletee maji ya chai, akapeleka, sasa anarudi na debe yake. Lakini huku kwetu debe ni mbili, kuna ya maji na kuna ya kura. Ningeachaje hiyo ipite?

Kesho yake matokeo ya diwani yakatoka. Mwalimu mstaafu, ambaye mtaa wetu wote ulikuwa nyuma yake, ameshindwa na kura chache. Watu wakakuja kuketi kwangu wamenuna kama wako matanga. Nikaona niwachekeshe. Nikasema mimi na macho yangu nimeona debe ikitoka nyuma ya shule, imefunikwa uso kama bibi harusi. Wote walijua ni mama wa maji, wakacheka mpaka mmoja akaangusha spana yangu kwa mtaro.

Mtu mmoja hakucheka. Alikuwa wa kampeni ya mwalimu, ametoka Otonglo, mama wa maji hamjui. Akaniuliza polepole, "Omera, ndugu yangu, unaweza kurudia hayo maneno mbele ya loya, bwana shahidi?"

Hapo ndipo ningesema ni mchezo. Lakini alikuwa ameniita bwana shahidi, na mimi tangu nitoke darasa la saba hakuna mtu alikuwa ameniita bwana kitu chochote. Nikajiambia pia sidanganyi. Si debe niliiona?

Tukaenda mjini, ofisi ya loya. Loya mwenyewe alikuwa kortini, tukapata karani wake. Akaniagizia chai na mandazi nne, nikaongea, yeye anapiga taipu kwa Kiingereza. Akanionyesha mahali pa kuweka sahihi. Nikaweka ile yangu kubwa yenye mkia. Halafu akachukua hiyo karatasi pamoja na zingine akavuka barabara, akarudi kabla sijamaliza mandazi ya tatu, na karatasi iko na mhuri. Akasema sasa nimekula kiapo. Mimi nilijua nimekula mandazi tu.

Baada ya wiki kadhaa nikaitwa kortini, kwa kesi ya mwalimu ya kupinga matokeo, nikapewa na nakala ya ile karatasi. Nikapelekea jirani anayejua Kiingereza anisomee ile karatasi. Akasoma ati mimi nimeona sanduku la kura likibebwa na mwanamke ninayemjua. Nikamwambia hapana, ni debe. Akaniangalia sana. "Debe gani?" Nikamwambia ya maji. Akakunja hiyo karatasi vizuri, akanirudishia kama kitu inachoma, akaniambia kudanganya kwa kiapo ni jela, miaka si miezi.

Nikawaza nitorokee kwa shangazi huko Sondu. Nikawaza kuambia loya ukweli, lakini sahihi yangu ilikuwa pale na mkia wake. Kitu iliniogopesha zaidi ni moja: wakiniuliza huyo mwanamke ni nani, nitasema nini? Nikimtaja, polisi wako mlangoni kwake. Nikikataa, wako kwangu.

Siku ya kesi korti ilijaa. Nikapanda kizimbani. Loya wa yule diwani aliyeshinda akasimama. Alikuwa mtu mwembamba, anaongea kama hataki kuamsha mtoto. Nikangoja aniulize juu ya debe. Hakuniuliza. Akainua karatasi yangu, akauliza siku nilipokula hicho kiapo nilikuwa mbele ya nani.

Nikasema, "Mbele ya karani na sahani ya mandazi."

Watu wakacheka. Hakimu hakucheka. Akaniuliza yeye mwenyewe kama nilimwona kamishna wa viapo, yule ambaye mhuri wake uko hapo chini.

"Hapana, mheshimiwa," nikasema. "Aliyemwona ni karatasi."

Loya wetu akaruka kusema hiyo ni kosa ndogo ya utaratibu, isizuie haki. Hakimu akasema kiapo ni mtu kusimama mbele ya mwenye mhuri na kuapa, hakitumwi kama mtoto dukani. Akaitupa karatasi yangu. Na kwa sababu shahidi wa macho nilikuwa mimi peke yangu, na siku za kuleta malalamiko mapya zilikuwa zimeisha, kesi yote ikaanguka nayo. Neno debe halikutajwa hata mara moja.

Nilishuka nikashika ukuta. Jasho iliyonitoka ingejaza karai. Nje, jua lilikuwa tamu, hata kelele ya wauza samaki ilikuwa tamu, nikanunua muwa nikautafuna wote nimesimama. Mwalimu alinipata hapo. Nilidhani atanitukana. Akanishika bega, akasema asante kwa kusema ukweli kortini. Nikaangalia viatu vyake mpaka vikaenda.

Niliporudi Nyalenda, habari ilikuwa imenitangulia, pamoja na ile ya debe, maana yule jirani msomaji naye ana mdomo. Nikapitia mferejini nimeinamisha kichwa. Mama wa maji alikuwa anangoja zamu yake, debe iko chini kando ya mguu. Nikaanza kumwomba msamaha. Aliniacha nimalize, akafunga kitambaa chake vizuri kiunoni.

"Nyathina, mtoto wangu," akasema, "kumbe mimi ndiye niliiba kura? Basi kesho asubuhi uje unibebee. Ziko lita ishirini, na usimwage hata moja."