Ijumaa za Mama Mdogo

Juzi nilipita Kariakoo, nikajikuta nimesimama mbele ya ghorofa, pale palipokuwa na nyumba ya bibi. Kwa kelele zile, ndugu yangu, usingeamini kwamba zamani hapo tuliamshwa na harufu ya vitumbua vya jirani.

Bibi alinilea pamoja na mama mdogo, kitinda mimba wake. Miaka hiyo ya hamsini, mafundi cherehani wa barazani walikuwa wanaume watupu. Mama mdogo akamkataa mchumba aliyechaguliwa na wajomba, akamwendea Mhindi mwenye duka la kanga pale Msimbazi, akapewa cherehani. Akakaa barazani, buibui mabegani, akashona mbele ya watu.

Mtaa ulisema ukachoka. Bibi akamwambia, "Chagua: baraza la watu au nyumba yangu."

"Mama, nataka kula jasho langu."

Akapanga chumba upande wa Jangwani.

Kila Ijumaa alikuja mpaka mlango wa uani. "Shikamoo, mama." Bibi aliendelea kupepeta mchele, asiitike. Mama mdogo alisubiri kidogo, akanipa kashata, akaondoka. "Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo," bibi alinung'unika nyuma yake, kama anayejisuta mwenyewe.

Masika moja bonde la Jangwani lilijaa maji, na Ijumaa ikapita bila yeye. Iliyofuata bibi hakugusa ungo. Alikaa akiutazama mlango. Mwishowe akasema, "Nenda kamtazame mama yako mdogo."

Nikakuta chumba kitupu, ukutani alama ya maji. Mwenye nyumba akaniambia kapanda treni, kahamia Tabora.

Nilipomweleza bibi, aligeukia tena mlango wa uani. Kisha akasema, "Leo nilikuwa nimwitikie."

Bibi alifariki kabla hawajaonana. Mimi nilimfuata mama mdogo Tabora nikiwa mtu mzima, nikamkuta mzee mwenye duka lake la ushonaji, anaheshimika. Nikampa maneno yale ya bibi. Alikunja kitambaa, akakikunjua, akakikunja tena.

"Ningerudi," alisema. "Kwa neno moja tu ningerudi."

Sasa wote wawili hawapo, na ua wetu umefunikwa zege. Chini ya ghorofa lile msichana ana duka lake mwenyewe, na mama yake humletea chakula cha mchana. Nilisimama nikiwatazama wakila sahani moja, mpaka msichana akaniuliza, "Shikamoo, bibi. Umepotea?"