Vipepeo wa Nyuma ya Matangi

Jina la Mama Seng'enge hakujipa mwenyewe. Alipewa na mtaa, mwaka ule idara ya mazingira ilipozungushia seng'enge mteremko ulio nyuma ya matangi ya maji na kumwajiri yeye kuulinda. Kazi zake zilikuwa mbili: kufukuza mifugo na kuhesabu vipepeo.

Vipepeo wenyewe walikuwa wadogo, wa buluu iliyofifia. Mtu angewapita akidhani ni petali za maua zinazopeperushwa. Lakini wataalamu walisema hawajaonekana mahali pengine kwa miaka mingi, na mwanamke huyo, ambaye kabla ya hapo alikuwa mfagizi wa ofisi za matangi, aliipokea kazi kama mtu aliyekabidhiwa mtoto mchanga. Kila siku ya msimu, saa nne asubuhi, jua likishakolea, alipita njia ileile, hatua mia tatu kwenda na mia tatu kurudi, daftari mkononi, akihesabu waliopita mbele yake tu. Wa nyuma aliwaacha, maana kipepeo hajui foleni. Anaweza kuzunguka akahesabiwa mara mbili.

Kabla ya uzio, mteremko ule ulikuwa malisho ya mbuzi wa shemeji yake, mdogo wa mumewe, fundi wa kuchomelea mwenye karakana barabara ya chini. Geti la uzio alilichomelea yeye, kazi ni kazi, akidhani mbuzi wake wataachiwa kapembe kadogo. Hawakuachiwa. Mara mbili walipenya chini ya waya, Mama Seng'enge akafumba macho. Mara ya tatu akawaripoti. Mbuzi watano wakachukuliwa na idara, wasirudi.

Mumewe, mwendesha pampu, alijikuta kati ya mke na ndugu, akanyamaza pande zote mbili. Fundi alipoona kaka yake hasemi neno, akaacha kufika nyumbani. Miaka miwili walipishana barabarani kama watu wasiojuana. Halafu siku moja mchana presha ikamwangusha mwendesha pampu kazini, na ikawa basi. Mdogo wake alikuja mazikoni, akabeba jeneza upande wa miguu, akaondoka bila kukaa.

Siku ya nne Mama Seng'enge alirudi kazini. Wenzake walimwambia apumzike. Akawajibu kwamba nyumbani hakuna kinachomchosha. Hakulia sana, hata dada yake akaingiwa na wasiwasi, akawa anampigia simu kila jioni kumuuliza kama amekula. Alikuwa amekula. Saa ya kula ikifika alikula, saa ya kulala ikifika alilala, upande wake uleule wa kitanda. Moyo wake ulikuwa kama mguu uliokufa ganzi: upo, unaukanyagia, ila huusikii.

Alichokuwa nacho ni namba. Mwaka wa kwanza wa uzio, siku yake bora kuliko zote, aliwahesabu sitini na mmoja. Kisha arobaini na wanne, ishirini na tisa, kumi na wawili, saba. Mwaka wa sita, alioupokea akiwa mjane, waliruka wawili. Aliandika wawili, kwa mwandiko uleule alioandikia sitini na mmoja.

Ndipo idara ikamtuma mtaalamu wa wadudu, mwanamama mfupi mwenye miwani iliyofungwa uzi. Walipanda pamoja. Nyasi zilikuwa zimefika kiunoni, mbichi, zimejaa. Kila afisa aliyewahi kufika pale alizisifu. Huyu hakuzisifu. Alipiga magoti, akazipasua katikati kwa mikono, akachomeka kipimajoto ardhini. Akasogea, akachomeka tena. Kisha akafukuafukua kwa kijiko, akitafuta sisimizi, asiwapate.

Alieleza taratibu, bado kapiga magoti. Kiwavi wa kipepeo huyu hula mmea mmoja mdogo unaotambaa, wiki chache tu, halafu hujiangusha chini. Hapo sisimizi wekundu humwokota wakidhani ni mtoto wao, wakampeleka shimoni na kumlisha mpaka awe kipepeo. Na sisimizi hao wanataka udongo unaopigwa na jua. Nyasi zikirefuka, kivuli huingia, udongo hupoa, sisimizi huhama. Kiwavi akikosa mlezi, hufa.

"Zamani nani alikuwa anafupisha hizi nyasi?" aliuliza.

"Mbuzi," alisema Mama Seng'enge. "Wa shemeji yangu."

Mtaalamu alivua miwani, akaifuta kwa pindo la blauzi muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Uzio ulitoka ofisini kwetu, mama. Wewe ulilinda ulichoambiwa."

"Nililinda vizuri," alisema.

Hakuwa anajitetea. Alisimama akingoja kitu kimpande kifuani, kilio au hasira, chochote. Hakikuja. Basi akaomba asomewe vipimo vya joto, akaviandika.

Idara ilitaka kuleta mbuzi kutoka mbali. Akasema wasubiri, na kesho yake mchana akateremka karakanani. Fundi alikuwa anachomelea fremu ya dirisha. Alimwona, akamalizia kiungo, akainua kinga ya uso, akamsogezea stuli. Mama Seng'enge akamweleza yote, sisimizi na kivuli na udongo uliopoa, bila kupamba wala kuruka. Alipomaliza akangoja matusi. Fundi angemwambia kikulacho ki nguoni mwako, asingembishia.

"Kaka alijua?" fundi aliuliza.

"Alikufa kabla hatujajua."

"Afadhali."

Fremu ilikuwa ikipoa kati yao.

"Nilikukosea, shemeji," alisema Mama Seng'enge.

"Ulinikosea." Fundi alishusha kinga, kisha akaiinua tena. "Wamebaki wanne. Wengine niliwauza, nilichoka kuwafunga kamba. Nitawaleta Jumatatu."

Mtaa ulicheka, kama ilivyotarajiwa. Muuza mkaa alimuuliza kama sasa waanze kumwita Mama Mbuzi. Akamjibu kwamba wamwite, ataitika.

Msimu uliofuata hakuruka hata mmoja. Aliandika sifuri siku thelathini na nane. Mtaalamu alimwambia wako viwavi wanaokaa chini ya ardhi miaka miwili, asikate tamaa. Hakumwambia kwamba tamaa yenyewe hakuwa nayo. Alipita njia yake tu. Nyasi zilishuka mpaka kwenye vifundo vya miguu. Mmea ule unaotambaa ukaonekana tena, na siku moja sisimizi mwekundu akamuuma kidoleni. Alimtazama hadi alipomaliza.

Mwaka uliofuata, wiki ya tatu, akaruka mmoja. Siku bora ya msimu huo fundi alikuwa ameketi kwenye jiwe akichunga, ameegemea fimbo.

"Wangapi leo, shemeji?"

"Watano."

"Ni wengi au wachache?"

Alifikiri. "Ni watano," alisema.

Aliketi kidogo kando yake. Marehemu hawakumtaja. Alipoinuka kuanza kurudi, mbuzi mmoja alikuwa amelala katikati ya njia, anacheua, hana habari na mtu. Alimsukuma kwa goti, mbuzi hakuondoka. Akamzunguka, na kwa kuwa hesabu ya hatua ilishaharibika, alirudi mwanzo wa njia akaanza upya.