Nilivyoua watu kwa mate Kitengela, kisha nikapelekwa kwa wakwe Kajiado

Wakuu, salamu kwenu popote mlipo. Leo nasimulia yangu mwenyewe, na mume wangu amekaa hapa kando akisoma kila mstari, kwa hivyo hata nikitaka kuongeza chumvi sitaweza.

Mwishoni mwa miaka ya tisini nilikuwa nimepanga chumba Kitengela. Mimi ni Mluhya, nilikuja huku kushona kwenye kiwanda cha nguo Athi River.

Jirani yetu mmoja alikuwa mpiga video za harusi. Harusi zikikosekana, alitengeneza sinema za kutisha. Tulimwita Director, na jina hilo alilipenda kupita kiasi.

Alinipa nafasi ya mchawi. Silaha yangu ilikuwa mate. Nikikutemea, unaanguka, umeisha.

Sasa mate ya kawaida hayaonekani kwenye kamera. Tulijaribu maji, nayo hayakuonekana. Mwishowe Director akaleta maziwa mala, yale yaliyoganda. Nilijaza mdomo, nikapuliza, yakaruka meupe kabisa. Ilitisha.

Kanda zikazunguka vibanda vya video kuanzia Kiserian hadi Illasit. Nikabandikwa jina la Mama Mate.

Niliipenda ile kazi, sitaficha. Kiwandani nilikuwa nashona kola tu, kola asubuhi, kola jioni. Mbele ya kamera nilijiona mtu.

Shida ilikuwa mtaani. Nikifika kwenye kioski cha maji, watu walifunika mitungi yao. Kanisani, benchi langu lilikuwa na nafasi ya kutosha hata kulala. Wapangaji wengi walikuwa watu wa kwetu magharibi, na mnajua tunavyoogopa uchawi, hata wa kuigiza.

Mtu ambaye hakuogopa ni Lema, kijana wa Kajiado aliyeendesha jenereta yetu wakati wa shooting. Tukapendana. Akataka kunioa.

Lakini mama yake alikuwa ameshasikia habari zangu kwa akina mama wa kanisa. Akatuma neno: "Aje nimwone, ila harusi sijaikubali." Na Lema hakuwa mtu wa kuoa bila neno la mama yake. Kwa hivyo nilijua naenda Kajiado kumpata au kumkosa.

Tulipofika niliinamisha kichwa kwa heshima, kama Lema alivyonifundisha. Mama akakigusa haraka haraka, kama mtu anayeshika sufuria ya moto.

Dada yake Lema alikuwa amejifungua majuzi. Nikanyoosha mikono nimbebe mtoto. Kabla sijamgusa, Mama akamchukua.

"Ngoja kwanza," alisema. "Huyu bado ni mdogo."

Lema akaangalia viatu vyake. Niliumia, wakuu. Nilitamani kurudi Kitengela hata kwa miguu.

Kwenye kona alikuwa ameketi nyanya yao, wanayemwita Koko. Alikuwa akinitazama tangu niingie.

"Wewe ndio ule wa maziwa?" akauliza.

Nikasema ndio, nikijua sasa yameisha. Koko akaanza kucheka mpaka akajifuta macho na shuka.

Kumbe aliniona siku ya soko, kwenye kibanda cha video pale mjini. "Tulicheka sisi wote," alisema. "Huyu mama anabariki watu na maziwa, na wao wanaanguka wanakufa. Nikauliza, hawa watu wa Kitengela wako na shida gani?"

Hapo ndipo nilipoelewa. Kwa Wamaasai, watu wa kina Lema, mzee akikutemea mate amekubariki, na akikupulizia maziwa ndiyo zaidi. Muda wote ule mimi na Director tulikuwa tunarekodi baraka tukidhani ni uchawi.

Na Lema alijua. Nilipomuuliza baadaye kwa nini hakutuambia, alisema alidhani tunatengeneza comedy. Hapa anacheka tena, mnione nikimvumilia.

Koko akamgeukia Mama. "Mpatie mtoto. Wacha ambariki."

Mama alisita. Niliona mikono yake ikikaza kwenye blanketi la mtoto. Kisha akanipa.

Nikakauka. Mdomo ulioua nusu ya Kitengela haukuwa na hata tone moja. Koko akaona, akanisogezea kibuyu cha maziwa. Nikatia kidogo mdomoni, nikampulizia mtoto kwenye paji la uso, polepole.

Mtoto akapiga chafya, akaendelea kulala.

Mama alimtazama mtoto kwa muda. Halafu akaja mbele yangu, akaniinamisha kichwa, akanitemea mate utosini.

"Enkai akupe watoto kwa hii nyumba," alisema, akimtaja Mungu kwa Kimaasai.

Kwenye script, hapo ndipo mtu huanguka. Mimi nilibaki nimesimama, machozi yakinitoka.

Nilichojifunza ni hiki: nilikuwa karibu kuacha kuigiza kwa sababu ya mtaa mmoja, kumbe watu wa mji mwingine walikuwa wananipenda bila mimi kujua. Niliendelea hadi miaka ya elfu mbili, Director aliporudi kwenye harusi zake. Mtoto yule sasa ni mtu mzima, na huniita Mama Mate mbele ya wageni.

Kama uliwahi kuona zile kanda, niambie hapa chini: ulicheka au uliogopa?

Na wewe jirani uliyekuwa ukifunika mtungi pale kioski, najua uko humu. Njoo nyumbani nikubariki.