Mikono ya Bibi Harusi

Filamu yetu haikuwa na kampuni wala mfadhili. Kamera tuliazima chuo kikuu, ile ya kutiwa ufunguo kama saa. Mimi niliandika hadithi na kuelekeza, kisha nikacheza bwana harusi, kwa sababu hakuna kijana mwingine katika shamba la chai tulikopigia filamu aliyekubali kupakwa poda usoni. Nikiingia mbele ya kamera, aliishika rafiki yangu, karani wa kiwandani aliyetoka upande wa ziwa.

Ilibaki picha moja tu: maharusi wa Kipsigis wakifungana nyasi ya segutiet kwenye vifundo vya mikono. Bila hiyo hadithi haikuwa na mwisho. Tulikuwa uani kwa wazazi wa msichana aliyecheza bibi harusi, asubuhi, kabla ya mvua ya kila alasiri. Mama yake akatoka jikoni, akaziona nyasi nilizong'oa kando ya njia, akanipokonya.

"Hii hapana."

"Mama, ni mchezo tu. Kamera yenyewe haina sauti."

"Ikifungwa, imefungwa. Huyu ameposwa kule Chepseon. Wale watu wakisikia alifungwa na wewe, niwaambie nini? Eti kulikuwa na kamera?"

"Lakini ni nyasi tu!"

Rafiki yangu akanyoosha mkono. "Basi nifunge mimi, mama. Kwetu nyasi ni chakula cha ng'ombe."

"Na hao ng'ombe utawaleta lini?" mama akamuuliza.

Msichana alicheka hadi akaketi chini. Kisha akaniuliza kwa upole, "Kama ni nyasi tu, si utumie kamba ya katani?"

Nikasema kamba ingeonekana ya uongo. Akaendelea kunitazama. Chuoni nilizoea kushinda mabishano; pale nikajifanya natafuta kifuniko cha lenzi.

Baba yake, aliyekuwa akinoa panga, ndiye aliyesema yeye na mkewe walifungana zamani, na kurudia hakuharibu kitu. Basi nikavua koti la bwana harusi, nikaipiga picha mikono yao kwa karibu. Mzee alifunga harakaharaka.

"Hata siku ile ulikuwa na haraka," mkewe akamwambia.

Jumapili moja tuliionyesha katika ukumbi wa shamba, madirisha tumeyaziba kwa magunia. Watu wa Chepseon walikuja, wakakaa benchi la mbele, wameinama kuelekea ukuta wenye picha. Nilijua kinachokuja: nyuso mbili za vijana, kisha ghafla mikono yenye makunyanzi. Nikangoja kicheko.

Mikono ikatokea. Mama wa mchumba akaegemea nyuma.

"Hiyo si mikono yake," akasema kwa sauti, na benchi zima likaegemea naye.

Msichana aliolewa baada ya mavuno ya mahindi. Waliniita nipige picha. Niliwauliza wazee maswali mengi siku ile, hadi mmoja akaniambia ninyamaze nile. Nyasi zilipopitishwa mbele yangu ili zifike kwa maharusi, nilitia mikono mifukoni, zikapita.