Uso Ambao Sikuuona

Kaka yangu aliuawa mchana kweupe, kwenye barabara ya kutoka Rutshuru, tulipokuwa tumekaribia Kalengera. Yeye ndiye aliyekuwa dereva wa lori. Mimi nilikaa kando yake, nikileta maharage yangu kuyauza Goma. Wanaume wawili walitoka kwenye migomba. Mmoja akasimama katikati ya njia, mwingine akaja dirishani kwa kaka na bunduki, kitambaa kimemfunika kuanzia puani hadi shingoni. Kaka akasema taratibu, "Chukueni, hakuna shida." Risasi ikalia kabla hajamaliza kufungua mlango.

Ile bunduki naweza kuieleza mpaka leo. Kitako chake kilikuwa kimepasuka na kuzungushiwa utepe mweusi. Koti la mvua la yule mtu naliona pia, la kijani, limefungwa vifungo vyote. Uso wake sina. Macho yangu yalikwama kwenye chuma.

Baadaye askari wakamkamata muuza viatu mmoja wa mtaa wa Ndosho, mjini Goma. Walisema kuna mtu aliwapigia simu akamtaja. Kabla hata sijaitwa, picha yake ilikuwa imeenea kwenye simu za mtaa mzima: amekalishwa chini, mikono nyuma, shati jekundu, na maneno "muuaji wa dereva". Mke wa kaka ndiye aliyenionyesha. Nikaitazama sana, kwa hasira zote nilizokuwa nazo.

Kuanzia hapo, kila nilipoikumbuka barabara ile, mwenye bunduki alivaa shati jekundu. Kitambaa kilikuwa kimeshuka, na uso ulikuwa ule wa kwenye simu. Nilijua kabisa kwamba sikuona hivyo. Picha ilikuwa imeingia kichwani mwangu ikakaa mahali palipokuwa patupu. Nikaogopa, maana kama ningesubiri kidogo tu, ningeapa kwa Mungu kuwa ni yeye, na ningeapa kwa moyo safi.

Kituoni walinileta mbele ya mtu huyo peke yake, katikati ya askari wawili.

"Mama, angalia muzuri," mpelelezi aliniambia. "Ni huyu mutu?"

"Mbona mumeleta mumoja?"

"Kwa sababu ni ye."

"Basi munaniuliza nini?"

Akacheka kidogo, kisha akaacha kucheka. Akaniambia nina uchungu, nirudi nyumbani nikapumzike, kumbukumbu itarudi. Nikamwambia kumbukumbu yangu haijaenda popote. Haina uso, basi.

Nyumbani kulikuwa kugumu zaidi. Mama yangu alikuwa bado anakaa kwenye mkeka wa matanga ingawa watu walishaondoka. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Mutoto wangu iko chini ya udongo," akasema, "na weye unachagua maneno."

"Mama, wakimufunga mutu mwenye hakufanya, ule mwenye alimuua atabaki anatembea."

"Na kama ni ye?"

"Waonyeshe. Si mimi wa kuwatengenezea."

Akaniambia nitoke, nami nikatoka. Kwa muda mrefu alipokea chakula changu kwa mkono wa mke wa kaka tu. Shangazi zangu walisema nimehongwa. Niliendelea kwenda sokoni, nikipita katikati yao, nikisalimia kwa sauti.

Mahakamani alitangulia mfanyabiashara mmoja tuliyekuwa naye siku ile, aliyepanda nyuma juu ya magunia. Alinyoosha kidole bila kusita. "Ni yeye. Siwezi kumusahau." Sikumchukia, kwa sababu niliona anaamini. Lakini mimi ndiye niliyemtoa chini ya turubai baada ya wale watu kukimbia. Alikuwa amelala kifudifudi, na alinishika mkono akiniuliza walikuwa wangapi.

Zamu yangu ilipofika nikayasema hayo. Nikasema habari ya koti, ya kitambaa, ya picha ya kwenye simu na jinsi ilivyonivamia.

Jaji akavua miwani. "Mama, huyu mwenzako ana uhakika. Weye, ndugu wa marehemu, hauna?"

"Muzee jaji, na mimi nilianza kupata uhakika. Ulitoka kwenye simu."

Ukumbi ukanguruma. Nikabaki nimesimama mpaka waliponyamaza, kisha nikarudia, ili karani aandike sawasawa.

Ushahidi mwingine haukupatikana. Yule mtu akaachiliwa, na hakuna aliyekamatwa baada yake. Hilo linaniuma kila siku, na simruhusu mtu yeyote aniambie kwamba uwongo wangu ungelitibu. Mama alianza kuongea nami tena mwezi wa mfungo, aliponiomba chumvi. Habari ya kesi hatujaigusa.

Siku moja nilipita Ndosho, muuza viatu akaacha meza yake akanifuata. Alikuwa amekonda. Alitaka kunishika mikono miwili.

"Mama, uliniokoa."

"Usinishukuru," nikamwambia. "Sikukutetea. Nilisema sijui, na mpaka leo sijui."

Akanitazama. Nami nikamtazama usoni, mchana kweupe, kwa muda nilioutaka mimi, kisha nikaenda zangu.