Kipengele cha Tisa na Mtulinga wa Mpwa Wangu

Mpwa wangu alivunjika mtulinga, ule mfupa wa begani, kwa sababu yangu. Naanza na hilo ili msomaji asipate kazi ya kulitafuta katikati. Hakuvunjwa na simu, wala na mtandao, wala na pepo wa kizazi hiki, ambaye alitajwa na wazungumzaji watatu mfululizo katika kikao cha Kalenga bila hata mmoja wao kueleza anaishi wapi. Hakuvunjwa na binti yangu pia, ingawa ndiye anayeadhibiwa: mpaka ninapoandika haya, haruhusiwi kukanyaga nyumbani kwa shangazi yake. Mhusika ni mimi, mtumishi mstaafu wa masjala, mkazi wa Soweto hapa Mbeya, na nilitenda nikiwa na akili timamu, miwani usoni na kalamu mkononi.

Nimelisema hili kwa mdomo mara mbili na halikupokelewa. Sasa naliandika.

Binti yangu ni kitinda mimba. Mama yake alifariki mtoto akiwa hajaanza shule, na dada yangu mkubwa, aliyeolewa Kalenga, mkoani Iringa, akaja kumchukua, akamlea pamoja na mwanawe aliyelingana naye kwa umri. Walioga beseni moja na kugombania kijiko kimoja. Alirudi kwangu akiwa msichana mkubwa, lakini hadi leo akisema "nyumbani" hana maana ya nyumba yangu. Anamaanisha jiko la shangazi yake. Naomba hilo likumbukwe, kwa sababu ndilo alilonyang'anywa.

Yeye na huyo mpwa wangu ni mabinamu, na kwetu mabinamu ni watani. Mtani ana haki ya kukutukana mbele ya wageni, nawe ukikasirika, mwenye kasoro ni wewe. Kwa hiyo walipoanza kurusha matangazo mubashara kwa simu, huyu akiwa Mbeya na yule Kalenga, nilichokiona kilikuwa ule ugomvi wao wa kijiko, isipokuwa sasa ulikuwa na watazamaji. Wanaita mechi. Kioo cha simu kinagawanyika katikati, kila mmoja anakaa upande wake, na kwa dakika tano wanachambana huku watazamaji wakiwatumia mawaridi na mioyo ya kuchorwa. Mwenye pointi chache anapewa adhabu.

Nilikuwa nikisikia yote kutoka kwenye kiti changu sebuleni.

"Muoneni huyo," binti yangu aliwaambia watu wake. "Iringa nzima imeshaamka, yeye bado yumo kwenye koti. Binamu, hilo koti ni lako au la marehemu babu?"

"La babu. Mimi aliniachia koti, wewe akakuachia hiyo pua."

Pua iliyotajwa ilikuwa ya baba yangu mzazi, na ndiyo niliyo nayo mimi. Nilishusha gazeti, nikalinyanyua tena.

Adhabu zilianza kwa pilipili. Zikafuata nguo zilizolowa katika baridi ya mwezi wa saba, baridi ambayo Mbeya na Iringa zinaonea fahari kana kwamba halmashauri ndizo zinazoitengeneza. Kisha mpwa wangu akasimama kwa mguu mmoja juu ya jiwe lenye ukubwa wa nyumba. Kujibu hilo, binti yangu akakwea mnara wa tangi la maji nyuma ya nyumba yangu na kukaa huko akiimba, hadi jirani akanipigia simu kunijulisha kwamba tangi langu limezaa. Kila mmoja alitaka kumzidi mwenzake, na watazamaji, ambao hawana shingo yoyote ya kuvunjika katika jambo hili, waliwahimiza.

Mtu angetarajia mzee wa umri wangu apinge hatari. Nakiri kwamba hatari haikuniudhi. Kilichoniudhi ni uholela. Hakukuwa na kumbukumbu ya mechi. Hakukuwa na mwamuzi. Siku moja mpwa wangu alishindwa, na adhabu ilikuwa kupanda juu ya kitu kirefu na kuruka. Akasimamisha gunia la mahindi, akalipanda, akaruka, akainamisha kichwa kama mtu anayepokea cheti. Watazamaji waligawanyika na ubishi ukaendelea siku tatu. Mimi, niliyetumia maisha yangu ya kazi kuhakikisha hakuna karatasi inayoingia jaladani bila namba, nilikosa raha ya chakula.

Ndipo binti yangu akafanya kosa lake pekee katika suala hili. Alinipa daftari walimoandika masharti mapya, akaniomba niyanakili kwa mwandiko wangu mzuri ili yaonekane ya heshima. Aliniomba kunakili tu, wala si kurekebisha. Tofauti hiyo naifahamu vizuri sana, maana niliwahi kuwafundisha makarani wapya.

Vipengele vinane vya kwanza nilivisafisha bila tatizo. Cha tisa kiliandikwa hivi: atakayeshindwa mechi ya saba atashuka kilima na baiskeli.

Nilimwita. Nikamwuliza kilima kipi. Nikamwuliza anashuka akiwa juu ya baiskeli au baiskeli ikiwa juu yake. Nikamwuliza anashuka hadi wapi, na ni nani atakayethibitisha.

"Baba," alisema, "hicho kiache hivyo hivyo."

Nilimjibu kwamba katika nyaraka hakuna kitu kinachoitwa hivyo hivyo, nikachukua kalamu nyekundu. Kipengele cha tisa kilitoka mikononi mwangu kikisomeka kwamba atakayeshindwa ataendesha baiskeli, si kuikokota, kuanzia njia panda ya juu hadi darajani, katika kilima cha barabara ya vumbi kilicho karibu na nyumbani kwa mshindwa, bila kufunga breki na bila kuweka mguu chini, saa za asubuhi, mbele ya mashahidi wasiopungua wawili. Kwa upande wa Kalenga, kilima hicho nilikijua. Nimekishuka kwa miguu nikiwa na maboga ya dada yangu begani, na hata kwa miguu nilikishuka kwa adabu.

Baadaye sana ndipo nilipoelezwa kwamba ule ulegevu ulikuwa wa makusudi. Walikuwa wamekubaliana kwamba yeyote atakayeshindwa atavaa gauni kuukuu la dada yangu na kushuka akikokota baiskeli polepole, huku akiimba pambio. Watazamaji wangekasirika, wangecheka, mchezo ungekwisha. Watoto waliacha upenyo wa kutokea wazima. Mimi niliuziba kwa kalamu, kisha nikajipongeza.

Halikuishia hapo. Binti yangu aliniomba nisome masharti mubashara, nami nilivaa tai. Nilisoma kwa dakika kumi na nne bila kuruka neno. Watazamaji walinibatiza jina, Mzee wa Vipengele, na wakaanza kudai nitokee kila mechi. Sitaficha kwamba nilianza kunyoa ndevu kila siku. Mpwa wangu alitia sahihi nakala yake, akaipiga picha, akanitumia, nami nikaiweka kwenye jalada nililokwisha kulifungua.

Mechi ya saba mpwa wangu alishindwa. Zilikuwa zimebaki sekunde chache, upande wa Mbeya ukamwagiwa mioyo, na binti yangu akapiga kigelegele kilichokatika katikati. Nilidhani ni kikohozi. Alikuwa amekumbuka kipengele cha tisa.

Jambo linalofuata halijulikani na mtu yeyote isipokuwa mimi na mpwa wangu, ambaye kwa heshima hajalitaja. Siku mbili kabla ya kushuka alinipigia simu. Alinisalimia shikamoo, akauliza afya, akauliza mvua za Mbeya, akauliza na mgongo wangu.

"Mjomba," alisema, "kile cha tisa hakiwezi kulegezwa?"

"Ulikitia sahihi, mpwa wangu."

"Ni kweli, Mjomba. Nilikuwa nauliza tu."

Akaniaga vizuri. Nilikata simu nikiwa nimeridhika na msimamo wangu. Kijana wa watu alikuwa akiniomba nimwokoe, na kwa kuwa aliomba kwa adabu, mimi nikasikia adabu peke yake.

Siku yenyewe ilikuwa Jumamosi asubuhi. Tulitazama sebuleni Soweto, binti yangu ameketi ukingoni mwa kiti, simu imeegemezwa kwenye chupa ya chai. Mpwa wangu alikuwa njia panda ya juu, amevaa lile koti la babu yake. Akawaonyesha watazamaji kwamba amefungua waya wa breki, kwa sababu walikuwa wakimwandikia kwamba atadanganya kama alivyodanganya kwenye gunia. Kisha akaifunga simu kwenye usukani.

"Binamu, shuka ukokote," binti yangu alisema. Hakuwa akitania, nilijua kwa sababu alisema polepole. "Mimi ndiye niliyeshinda, nakwambia inatosha. Kokota."

Mpwa wangu akauliza kama Mjomba yupo hapo.

Nilikuwepo. Nilijisogeza mbele ya kamera na kusema kwamba mshindi hana mamlaka ya kubatilisha masharti.

Akashuka. Kwa muda mfupi tuliona miti ikipita, kisha ng'ombe mmoja aliyegeuza kichwa, kisha barabara ikaenda upande mmoja na mpwa wangu upande mwingine. Baada ya hapo kioo kilionyesha mbingu ya Iringa, safi kabisa, na jani la mnyanya. Hatukumwona mtu. Tukasikia sauti ya mama mmoja, bila papara, akimwuliza mtu ambaye hatukumjua:

"Nani kamtuma huyu?"

Binti yangu alinigeukia. Alianza kutafuta viatu vyake.

Tulifika Kalenga siku hiyo hiyo jioni. Mpwa wangu alikuwa amefungwa bega hospitalini na kurudishwa nyumbani, akatusalimia kwa mkono wa kushoto na kuomba radhi kwa hilo. Kikao kilikaa kesho yake baada ya ibada. Shemeji yangu, mwenye nyumba, alifungua kwa kuulaumu mtandao. Mzee wa ukoo akailaumu baiskeli, kwamba za siku hizi ni bati tupu. Mwinjilisti alimlaumu yule pepo, na wawili waliomfuata wakamuunga mkono. Nilisimama nikasema kwamba mhusika ni mimi.

"Kaa, Mjomba," wakasema karibu wote. "Kunywa chai."

Nilitoa jalada. Nikakisoma kipengele cha tisa kwa sauti, nikionyesha sehemu zilizoandikwa kwa wino mwekundu. Mwinjilisti aliiomba ile karatasi, akaitazama kwa muda, akasema kwamba mwandiko wa namna hii umepotea katika nchi hii, kisha akampitishia mzee wa ukoo ili naye aone. Ilizunguka chumba chote. Hakuna aliyeisoma. Ndivyo tulivyo: mjomba akikosea, hutafutwa aliyekuwa karibu naye.

Aliyekuwa karibu nami alikuwa binti yangu, ameketi kwenye mkeka mlangoni pa jiko alilokulia. Dada yangu alimtazama yeye, hakunitazama mimi.

"Ulimchochea mwenzako mpaka akajitupa," alisema. "Nilikulea na yeye, hukuona huruma. Usije tena kwangu."

Mpwa wangu alifungua mdomo, baba yake akamwambia mgonjwa apumzike. Binti yangu aliinamisha kichwa, akasema amesikia, Shangazi. Akaondoka kwenda kukaa nje, juu ya kinu kilichopinduliwa, mpaka tulipoondoka. Nilipomfuata dada yangu uani na kumwambia tena, alinishika mkono, akasema, mdogo wangu, umechoka, unambebea mzigo mwanao.

Katika basi la kurudi Mbeya nilimwuliza binti yangu kwa nini hakusema kwamba aliniomba nikiache hivyo hivyo.

"Ningesemaje, Baba? Mbele za watu?"

Akageukia dirishani. Tangu hapo hajarusha chochote. Jumapili moja nilimkuta jikoni akijaribu kupika mlenda kama wa shangazi yake, akauonja, akaumwaga.

Kwa hiyo nadai, rasmi na kwa maandishi, kwamba kikao cha Kalenga kiitishwe upya na kwamba jalada lisomwe badala ya kusifiwa. Nadai kwamba katazo alilopewa binti yangu lifutwe kwa kinywa kilekile kilicholitoa, mbele ya watu walewale, naye arudishiwe jiko lake kabla ya hatua nyingine yoyote. Nadai kwamba mimi niandikiwe barua ya kutakiwa kujieleza, nikitajwa kuwa mtunzi wa kipengele cha tisa, mtu aliyekataa kukilegeza alipoombwa kwa simu, na aliyekisimamia mbele ya kamera baada ya mshindi mwenyewe kusamehe. Nipewe siku saba za kujibu kama mtumishi yeyote, na udhuru wa umri usipokelewe. Barua iletwe kwa mkono, nami nitasaini kuipokea. Nakala apewe mpwa wangu, apewe mwinjilisti, na apewe yule mama mwenye shamba la nyanya, kwa kuwa katika watu wote waliohusika ndiye pekee aliyeuliza swali linalotakiwa, na hadi leo hajajibiwa.