Clifford Aliyeolewa na Kina Satterlow

Katika mji wetu wa Hagden, ukirusha jiwe siku ya soko halikosi kumpata mtu wa ukoo wa Greenwood. Wapo kiwandani, wapo kanisani, wapo makaburini, na ugomvi wowote ukizuka mjini wapo pande zote mbili. Clifford alizaliwa mmoja wao na hakuona ubaya wowote. Kina Satterlow walikuwa kitu kingine. Zamani walikuwa ukoo mzima wenye kondoo kule juu milimani, lakini vita viliwapunguza, wengine wakapanda meli kwenda Kanada, na waliobaki walijaliwa kuzaa mabinti. Mabinti wakaolewa mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja akaliacha jina kanisani na kutoka na la mumewe, kama ilivyo desturi. Mwishowe alisalia Muriel peke yake, mwenye duka la nyuzi za sufu Mtaa wa Daraja, na juu ya mlango wake neno moja tu la rangi ya dhahabu: SATTERLOW.

Clifford alikuwa mpaka rangi, na herufi hizo ndizo zilizowakutanisha. Alipomaliza kuzipaka upya mara ya kwanza, Muriel alivuka barabara akasimama upande wa pili, mikono kifuani, akazitazama kwa muda mrefu kuliko watu wanavyotazama kazi ya rangi.

"Zinasomeka kutoka kituo cha basi?" aliuliza.

"Bibie, hata kondoo wa kule mlimani wanazisoma."

"Kondoo hawanihusu. Mtu akishuka kwenye basi ataziona?"

"Ataziona. Labda awe amelala."

"Basi sawa. Ingia unywe chai."

Alikunywa chai, na kuanzia siku hiyo alipata sababu ya kupita Mtaa wa Daraja hata pasipokuwa na kazi. Alikuwa mtu mzima, kapera aliyezoea kula chipsi zake kwenye gazeti akiwa amesimama, na moyo wake ulimshangaza. Alimpenda Muriel kwa kicheko chake kikavu, kwa mikono yake iliyofuma huku macho yakiwa kwingine, na kwa jambo moja ambalo hakulielewa. Kila kengele ya mlango wa duka ilipolia, Muriel aliinua uso upesi, umejaa nuru, kisha alipomwona mama fulani anayetaka nyuzi za bluu za soksi za mtoto mchanga, ile nuru ilizimika taratibu akasema, "Karibu, mpenzi, nikupe nini?" Clifford aliona wivu. Hakujua anamwonea nani.

Kila kiangazi viwanda vinapofungwa kwa wiki ya mapumziko, Hagden yote huhamia Morecambe kwenda kukaa mbele ya bahari na kulalamikia upepo. Huko ndiko Clifford alikoposa. Alikataliwa. Mwaka uliofuata akaposa tena, na uliofuata pia, mpaka watu wa Hagden wakawa wanaulizana kwenye treni ya kurudi, "Vipi, mwaka huu kakubaliwa?" kana kwamba wanauliza matokeo ya mpira.

"Kuolewa na wewe nataka, Clifford," Muriel alimwambia. "Kuitwa Bibi Greenwood ndiko sitaki."

"Kwani Greenwood lina ubaya gani?"

"Halina ubaya. Ni jina zuri tu. Si langu."

Mjini walisema ni majivuno. Walisema binti wa wafuga kondoo anajiona mtoto wa malkia. Clifford naye aliamini kidogo kwamba ni majivuno, lakini mtaka cha mvunguni sharti ainame, na yeye alikitaka cha mvunguni kuliko alivyojali mgongo wake. Mwaka mmoja, wakiwa wamekaa kwenye benchi na aiskrimu zao, alisema, "Basi wewe baki ulivyo. Mimi ndiye nitakayeitwa Satterlow."

Muriel aligeuka. Aiskrimu ilimdondokea mkononi na hakuifuta.

"Usinitanie kwa jambo hili."

"Sikutanii. Sheria inaruhusu, nimeuliza. Na akina Greenwood ni wengi mno, hawataona pengo."

Muriel alilia palepale, mbele ya watu, na Clifford, ambaye hakuwahi kumwona akilia, alidhani ni furaha. Ilikuwa furaha kweli, ila haikuwa yote.

Akaingia kwa mwanasheria akiwa Greenwood, akasaini, akatoka akiwa Satterlow, na wakaoana. Hiyo ilikuwa katikati ya miaka ya sabini, na katika miji yetu ile mwanamume kuchukua jina la mke ilikuwa sawa na kwenda kazini umevaa gauni. Usiku wa Jumamosi kwenye klabu ya wafanyakazi, Stan Lumb, seremala, mtu mwenye moyo mzuri na mdomo usio na breki, alisimama na bia yake akapiga vigelegele.

"Mpisheni mwali! Clifford kaolewa!"

"Kaa chini, Stan."

"Sikai! Tuambie, bwana harusi, mahari walitoa kondoo wangapi? Na kwenu wamekuaga kwa machozi?"

Ukumbi mzima ulivunjika mbavu. Clifford alicheka nao akamnunulia Stan bia nyingine, kwani ukikasirika Hagden utakasirika mpaka uzikwe. Dada yake, Hilda, aliyekuwa amehamia Morecambe, hakucheka. Alimwambia kwenye simu, "Baba angekuwa hai ungemuua wewe," akakata. Utani ule ulidumu miaka. Clifford alisema haumuumi, na nyumbani alikuwa na raha aliyokuwa hajaijua maishani, lakini mwiba mdogo hubaki mguuni hata mtu akizoea kuukanyagia.

Sasa ilitokea siku moja ya Machi, jua likiwaka bila joto na upepo ukishuka kutoka milimani. Muriel alikuwa amekwenda Halifax kununua bidhaa. Clifford alikuwa juu ya ngazi akizipaka upya herufi zilezile, na basi liliposimama aliteremka mtu mmoja tu, mwanamume wa kama miaka thelathini. Alisimama kituoni akiutazama mlango wa duka. Kisha akavuka.

"Samahani, mzee. Hapa ni kwa kina Satterlow?"

"Ndipo penyewe. Husomi?"

Yule mtu alitabasamu. "Namtafuta mwanamke. Bibi Satterlow mmoja, ambaye labda hakuolewa." Jina la kwanza hakulitaja. Watu wetu hawaaniki siri ya mwanamke mbele ya mwanamume wasiyemjua.

"Umepotea, kijana. Hapa hakuna mabinti. Kuna mimi na mke wangu basi."

"Huna dada?"

"Ninaye, yuko Morecambe, na ulimi wake uko huko pia, nashukuru."

"Aliwahi kukaa Kendal? Zamani, baada ya vita?"

"Hilda? Wapi! Hajawahi."

"Na mkeo?"

"Mke wangu Kendal hata njia haijui," alisema Clifford, kwa ule uhakika wa waume.

Yule mtu akasitasita. "Na wewe, ni Satterlow wa kuzaliwa?"

Hapo ndipo mambo yalipoharibika, na yaliharibika kwa kitu kidogo kabisa. Mbele ya Clifford alisimama mtu wa kwanza kwa miaka asiyeijua habari ya mwali, wala mahari, wala vigelegele vya Stan Lumb. Mbele ya mtu huyu angeweza kuwa mwanamume kamili mwenye jina lake. Ulimi hauna mfupa.

"Wa kuzaliwa," alisema. "Na baba yangu, na babu yangu. Tulikuwa na kondoo kule juu."

"Kwa hiyo mkeo, jina amelipata kwako."

"Sasa angelipata wapi?"

Yule mtu aliitika kwa kichwa polepole. Alizitazama tena herufi, akasema, "Ni nzuri. Asante, mzee," akarudi kituoni. Clifford alirudi kwenye brashi yake akipiga mluzi. Muriel aliporudi jioni na mizigo yake hakumwambia neno, maana angemwambia angelazimika kumwambia na ule uongo, na aliuonea haya.

Miaka ikapita. Magoti ya Clifford yaliikataa ngazi, akastaafu. Hilda, ambaye hatimaye alikuwa ameyasamehe mambo ya jina, alipiga simu kusema nyumba jirani na yake inauzwa, ina jua sebuleni, na bahari unaiona ukisimama penye beseni la kuoshea vyombo. Clifford aliitaka nyumba ile kama mtoto anavyotaka pipi. Akamweleza Muriel wakati wa chai.

"Nenda wewe," alisema Muriel.

"Niende peke yangu? Nimeoa ili nikaishi na Hilda?"

"Mimi hapa siondoki."

"Duka haliingizi kitu, mke wangu. Watu siku hizi wananunua sweta zilizokwisha kufumwa. Unalinda nini hapa?"

Muriel aliweka kikombe chini. Akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, sauti ya kuwatajia wateja bei, "Nina mtoto."

Clifford aliacha kukoroga chai.

"Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Baba yangu alinipeleka Kendal, kwenye nyumba moja ya kanisa ya wasichana kama mimi. Watu hapa waliambiwa naumwa kifua. Nilizaa mtoto wa kiume. Nikamnyonyesha, nikamzoea, kisha akaja mama mmoja mwenye glavu akampokea mikononi mwangu, na hakuna aliyeniambia anakwenda kwa nani. Lakini karatasi ya kuzaliwa ina jina langu, Clifford. Satterlow. Nikajiambia, sisi tuko wachache, jina hili halitampoteza. Siku akitaka kunitafuta atalifuata tu. Ningeitwa Bibi Greenwood angenipatia wapi, katika huo msitu wa akina Greenwood? Ndiyo maana nilikukatalia. Haikuwa majivuno. Na wewe ulipolichukua jina langu nilijua Mungu ananipenda kidogo."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Nilifundishwa kutosema. Nilifundishwa vizuri." Akapangusa makombo ya mkate ambayo hayakuwapo. "Sasa ni mtu mzima, na sheria siku hizi inawaruhusu kuangalia karatasi zao. Kila kengele ikilia nasema ndiye. Lakini hakuja. Hakuna mtu aliyewahi hata kuulizia."

Mtu mwingine angenyamaza, nami nisingemlaumu. Hakukuwa na shahidi. Barabara ilikuwa tupu siku ile, na Muriel angekufa akiamini mwanawe hakumtafuta, jambo ambalo wanawake wengi wa rika lake waliishi nalo. Clifford alimpenda mwanamke huyu, na alichokuwa nacho mdomoni kingemvunja moyo, na kukimeza kungekuwa kumwibia mara ya pili.

"Alikuja," alisema.

Akamweleza yote. Basi, ngazi, Kendal, Hilda. Alipofika kwenye "wa kuzaliwa," aliirudia sentensi ile tangu mwanzo ili asije akaipunguza.

Muriel hakupiga kelele. Alisema, "Miaka yote nimemwachia mlango wazi, Clifford, na wewe ukaenda kusimama hapohapo mlangoni." Kisha akanyanyuka akaingia dukani akafunga mlango wa katikati ya duka na nyumba.

Clifford alibaki na chai yake ikipoa. Alilia, yeye aliyecheka klabu nzima ilipomzomea. Aliwaza kuondoka, akawaza kwamba kuondoka ni kujihurumia, akabaki. Alisikia mteja akija, akitikisa kitasa cha mlango wa mbele, akisema "Mbona wamefunga mapema?" na kwenda zake. Baadaye sana mlango wa katikati ukafunguka. Muriel alisimama pale, macho yamevimba.

"Hukumuuliza jina?"

"Sikumuuliza."

"Alifananaje?"

"Mrefu. Masikio yamesimama hivi."

"Ya baba yake," alisema Muriel, na mdomo wake ukatetemeka kama unaotaka kucheka. Akavuta kiti akakaa karibu na mumewe. "Sauti?"

"Ya upole. Mtu aliyelelewa vizuri, Muriel. Aliniita mzee. Alizisifu herufi."

"Alizisifu?"

"Alisema ni nzuri."

Muriel aliziba mdomo kwa mkono. Kisha akasema, "Niambie tena. Anzia aliposhuka kwenye basi."

Clifford akaanza tena. Safari hii Muriel hakumwacha aende haraka. Alisimama wapi? Alivuka mara moja au alingoja? Alipotabasamu, meno yalionekana? Clifford alijibu alichokijua, na Muriel alikipokea kila kipande kwa uso ule aliokuwa akiuinua kengele inapolia, ila sasa ile nuru haikuzimika. Walifika kwenye asante, walifika kwenye kurudi kituoni.

"Basi lilikawia?"

"Lilikawia kidogo."

"Akasubiri kwenye upepo ule."

"Alisubiri."

"Alikuwa na koti?"

Clifford alifumba macho. Uso aliuona, masikio aliyaona, sauti aliisikia. Alimtafuta yule kijana kituoni kwa nguvu zake zote, kwa kuwa alitaka sana kumwambia ndiyo, zito, la sufu, lenye vifungo mpaka shingoni.

"Sijui, Muriel," alisema. "Nilikuwa nimekwisha kumpa mgongo."